Theluji na Watu wa Ziwa

Mji wa Bukoba umekaa kando ya Ziwa Viktoria, upande wa magharibi, chini ya digrii moja na nusu kusini ya Ikweta, na kimo chake juu ya usawa wa bahari ni zaidi ya mita 1,100. Mvua yake ni nyingi kupita ya miji mingi ya Tanzania. Katika mwaka wa kawaida hukaribia milimita 2,000. Kusini yake, katika Muleba, nchi hupanda kwa vilima na magenge mpaka kufika uwanda wa Kamachumu, na huko migomba na mibuni hufuatana kijiji hata kijiji, ikikatizwa na nyika za majani ambazo Wahaya huziita rweya. Asubuhi ukungu hupanda kutoka ziwani na mtu hujitanda shuka mabegani. Walakini baridi hiyo ni ya kuota moto tu. Maji hayagandi mtungini, wala ardhi ya Ihangiro haigeuki nyeupe, isipokuwa kwa muda mfupi baada ya mvua ya mawe, ambayo huchana majani ya migomba na kumwacha mkulima akihesabu hasara yake.

Katika nchi ya namna hii habari za watu washindanao kwa kuteleza juu ya theluji huweza kusikika kama hadithi za majini. Hata hivyo theluji na watu wa Maziwa Makuu wamekutana mara nyingi kuliko inavyodhaniwa, na kukutana huko kuna historia yake, yenye mwanzo wa ajabu na mwisho usiojulikana bado.

Mtu aliyeanzisha boma la Wadachi pale Bukoba, mwezi wa Novemba 1890, alikuwa ameiona theluji ya Afrika kwa macho yake mwaka mmoja tu uliotangulia. Huyu ni Emin Pasha, ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa Eduard Schnitzer, tabibu kutoka Silesia aliyekuwa liwali wa jimbo la Ekwatoria katika Sudani. Mwaka 1889 alifuatana na msafara wa Stanley kutoka Ziwa Albert kwenda pwani, na njia yao ikapita chini ya milima ya Rwenzori. Mwezi wa Juni mwaka huo Luteni Stairs alijaribu kuupanda mlima huo. Emin alitoka naye kambini, lakini nguvu zake hazikutosha, akarudi mapema. Stairs mwenyewe alifika juu ya mita 3,200, akakuta mabonde makubwa yamekaa baina yake na weupe alioutaka, naye akarudi bila ya kuugusa. Kisha msafara ukashika njia ya Ankole, ukavuka mto Kagera, ukaingia Karagwe na kuendelea kusini ya ziwa. Emin hakukaa Bukoba muda mrefu. Aliuawa katika misitu ya Kongo mwaka 1892. Lakini yafaa kukumbuka kuwa boma la kwanza la mji huu, uliozungukwa na migomba, lilijengwa na mtu aliyeshindwa kuifikia theluji.

Kabla yake, tarehe 11 Mei 1848, mmisionari Johannes Rebmann aliiona theluji ya Kilimanjaro kutoka mbali. Alipomwuliza kiongozi wake ule weupe ni kitu gani, kiongozi yule alijibu kwa neno moja: baridi. Wasomi wa London, na hasa Cooley, hawakusadiki kwamba theluji yaweza kukaa karibu na Ikweta, wakambishia Rebmann kwa miaka mingi kutoka katika viti vyao. Kiongozi yule, ambaye historia haikulihifadhi jina lake vizuri, alikuwa na elimu zaidi yao. Hakuwa na neno la kitu, lakini alikuwa na neno la tabia yake, nalo lilikuwa la kweli.

Neno theluji lilikuja katika Kiswahili kutoka Kiarabu, na kwa watu wengi wa bara lilikuja bila ya kitu chenyewe. Wamisionari wa Bethel kutoka Ujerumani walifika Bukoba mwaka 1910. Baadaye wakaja Waswidi, na mmoja wao, Bengt Sundkler, akawa askofu wa kwanza wa Kanisa la Kiinjili la Buhaya tangu 1961 hata 1964. Hawa walikuwa watu wa nchi za theluji, waliolelewa katika majira ambayo jua huchwa alasiri. Wakaleta Maandiko ambayo hupima usafi kwa weupe wa theluji, na mwanafunzi wa Muleba akalishika neno hilo kwa moyo, kama alivyoyashika majina ya milima ya Yuda, bila ya kulitazamia kuligusa. Josiah Kibira, aliyemfuata Sundkler katika uaskofu mwaka 1964, alisoma Ujerumani na Marekani, na tangu 1977 hata 1984 akawa rais wa Shirikisho la Walutheri Duniani. Kwa mtu wa namna ya Kibira theluji haikuwa methali ya Maandiko tena, bali njia ya kupita kila siku kwenda darasani.

Basi mtu wa Ziwa alikwisha kuijua theluji kama msafiri, na kama mwanafunzi. Kuijua kama mshindani ni habari nyingine, na hiyo ilichelewa mpaka mwisho wa karne ya 20.

Ili msomaji aifahamu habari yenyewe, inafaa kwanza kuelezwa chombo. Watoto wa nchi yenye vilima na migomba wajua mchezo wa kukalia shina la mgomba na kuteleza nalo mteremkoni, majani yakiwa yamelowa. Mtoto hujifunza mapema kwamba kwenda si kazi. Kazi ni kugeuka, na kazi kubwa kuliko zote ni kusimama. Ubao wa theluji wafuata kanuni ile ile. Mtu husimama juu ya ubao mmoja, miguu yote miwili imefungwa, ubavu wake umeelekea chini ya mlima. Naye hugeuka kwa kuulaza ubao juu ya ukingo wake mmoja, kisha juu ya wa pili. Ukingo huo ni wa chuma cha pua, uliochongwa mkali ili uikate theluji ngumu. (Watu wa Buhaya wana haki ya kutabasamu hapa: huko Katuruka, karibu na Maruku, wazee waliyeyusha chuma katika tanuri za udongo zaidi ya miaka 2,000 iliyopita.)

Ubao huu si wa kale kama zile mbao mbili za skii, ambazo watu wa Skandinavia walizitumia kwa maelfu ya miaka kusafiri na kuwinda. Ulizaliwa siku ya Krismasi ya mwaka 1965 katika mji wa Muskegon, Michigan, pale Sherman Poppen alipofunga skii mbili pamoja ili binti zake wapate kuteleza wakiwa wamesimama. Kiwanda kimoja kikautengeneza kuwa chombo cha kuchezea watoto. Mwaka 1977 Jake Burton Carpenter alianza kutengeneza mbao bora zaidi katika jimbo la Vermont, na wengine, kama Tom Sims, walikuwa katika kazi hiyo hiyo. Wenye milima ya michezo hawakuwapenda vijana hawa. Kwa miaka mingi waliwafukuza, wakisema kwamba wanaharibu theluji na kuwahatarisha watu wa skii. Lakini hapana shaka kwamba nguo zao na kelele zao ziliwaudhi zaidi kuliko mbao zao. Kisha wenye milima wakaona kwamba vijana wana fedha, na milango ikafunguka.

Katika mchezo wa ubao mna matawi mawili makubwa. La kwanza ni la kuruka na kupinduka hewani, ambalo waamuzi hulitolea maksi. La pili ni la mbio, nalo huitwa la kialpino kwa jina la milima ya Alpi. Ubao wa mbio ni mrefu na mwembamba, viatu ni vigumu kama vya skii, na miguu huelekezwa mbele zaidi. Mshindani hushuka akipita katika milango ya bendera, mmoja kushoto, mmoja kulia. Akiukosa mmoja, ametoka. Hapana mwamuzi wa kumpendelea wala wa kumwonea: ipo saa tu.

Tawi hili la mbio ndilo lililofungua mlango wa Olimpiki. Katika Nagano, nchini Japani, tarehe 8 Februari 1998, Ross Rebagliati wa Kanada alishinda mbio za kwanza za ubao katika historia ya Olimpiki, akimpita Thomas Prugger wa Italia kwa sehemu mbili za mia za sekunde. Siku chache baadaye alinyang'anywa nishani yake kwa kuwa mkojo wake ulionekana una bangi. Akakata rufani, na wasuluhishi wakamrudishia, kwa sababu sheria za mchezo wake hazikuwa zimeikataza bangi kwa namna iliyowapa wakuu haki ya kumwadhibu. Dunia yote ikasoma habari ya bangi, wala haikusoma habari ya zile sehemu mbili za sekunde. Kwa wanawake alishinda Karine Ruby wa Ufaransa, mshindani mkubwa kuliko Rebagliati kwa kila kipimo, ambaye alitawala mbio za ubao kwa miaka mingi na kupata nishani ya fedha tena mwaka 2002. Alipoacha mashindano akajifunza kazi ya kuongoza watu milimani, na mwaka 2009 akaanguka katika ufa wa barafu kwenye safu ya Mont Blanc, akafa akiwa na umri wa miaka 31. Tangu 2002 mbio hizo zikageuzwa, watu wawili wakawa wanashuka sambamba, mmoja kila njia, na anayeshindwa anatoka. Na macho ya watazamaji hayahitaji tena saa kujua nani yu mbele.

Lakini kwa watu wa Afrika ya Mashariki, Nagano ni jina la Philip Boit.

Boit hakuwa mtu wa ubao, wala hakuwa mtu wa mteremko. Alikuwa mtu wa skii za nyika, mbio ambazo mtu hujisukuma mwenyewe kwa miguu na fimbo, kupanda na kushuka. Alizaliwa mwaka 1971 katika nchi ya Eldoret, akawa mkimbiaji wa mita 800, na Mike Boit, aliyepata nishani ya shaba katika mbio hizo huko Munich mwaka 1972, alikuwa wa ukoo wake. Mwaka 1996 kampuni ya viatu ya Nike iliwachukua yeye na mwenzake Henry Bitok, ikawapeleka Finland wajifunze skii. Wazo la kampuni lilikuwa jepesi kulisema: ikiwa mapafu ya Mkenya yanashinda katika uwanja wa michezo, kwa nini yasishinde katika theluji? Lilikuwa wazo la mfanyabiashara, nalo lilikuwa na kosa la wafanyabiashara, yaani kudhani kwamba nguvu ni bidhaa ihamishikayo kutoka ghala hata ghala. Mtoto wa Norway huwekwa juu ya skii kabla hajajua kusoma. Boit alikuwa mtu mzima alipoiona theluji kwa mara ya kwanza, na ilimpasa kujifunza kuanguka kabla ya kujifunza kwenda.

Tarehe 12 Februari 1998 alisimama katika mstari wa mbio za kilomita 10. Hali ya hewa ilikuwa mbaya, theluji ikiwa imelowa na nzito, ikigandamana chini ya skii. Bjørn Dæhlie wa Norway, bingwa mkuu wa zama zile, alimaliza kwa dakika 27 na sekunde 24. Wengine wakafuata. Boit akabaki njiani. Wakuu wa sherehe wakataka kuanza kutoa nishani, kwa maana ratiba ni ratiba. Dæhlie akakataa kuondoka. Alisimama pale katika baridi akingoja, na mtu wa mwisho alipotokea, dakika 20 baada ya mshindi, bingwa alikwenda kumkumbatia. Boit alikuwa wa 92, na nyuma yake hapakuwa na mtu. Baadaye alimpa mwanawe jina la Daehlie, na hivyo jina la Kinorwe likaingia katika ukoo wa Wakalenjin.

Habari hii imesimuliwa mara nyingi, na aghalabu husimuliwa kwa ajili ya kumsifu Dæhlie. Sifa hiyo ni haki yake. Lakini kazi ya Boit ilianza pale ambapo wasimulizi huishia. Haukupita muda mrefu baada ya Nagano, kampuni ikaondoa mkono wake. Kamera zikazimwa. Mtu aliyekuwa ameajiriwa kama mfano wa tangazo angaliweza kurudi shambani bila ya aibu, na hapana ambaye angalimlaumu. Badala yake alifanya mazoezi katika barabara za Eldoret kwa skii zenye magurudumu, akaenda Salt Lake City mwaka 2002, akaenda Torino mwaka 2006, na huko Torino, katika kilomita 15, hakuwa wa mwisho. Mwenye kuyapima mambo kwa nishani ataona hapo hapana kitu. Mwenye kuijua kazi ataona kwamba kati ya mtu wa 92 wa Nagano na mtu wa Torino mna miaka minane ya jasho ambalo halikulipwa na kampuni yoyote.

Mwaka ule ule wa 1998 alizaliwa nchini Kenya mtoto wa kike, Sabrina Wanjiku Simader. Alikuwa na umri wa miaka 3 mama yake alipohamia naye Austria, na huko baba yake wa kambo akamfundisha skii za mteremko. Mambo yake yalikuwa kinyume cha mambo ya Boit. Yeye theluji aliipata mapema. Lililokuwa mbali ni bendera. Alichagua kuibeba bendera ya Kenya: mwaka 2016 katika Olimpiki ya vijana huko Lillehammer, mwaka 2017 katika mashindano ya ubingwa wa dunia huko St. Moritz, na mwaka 2018 katika Olimpiki ya Pyeongchang, Korea ya Kusini, ambako alikuwa mshindani pekee wa nchi yake. Aliingia uwanjani na bendera mkononi bila ya mwenzake wa kushindana nyuma yake.

Tarehe 17 Februari 2018 Simader alishuka katika mbio ziitwazo Super-G, na mbio hizo zilipata kuwa miongoni mwa za ajabu katika historia ya mchezo huo. Watangazaji walikuwa wamekwisha kumtaja Anna Veith wa Austria kuwa mshindi, maana washindani wakubwa wote walikuwa wameshuka. Wa 26 kuondoka alikuwa Ester Ledecká wa Ucheki, aliyezaliwa Praha mwaka 1995, mjukuu wa Jan Klapáč, mchezaji wa magongo ya barafu aliyepata nishani za Olimpiki mwaka 1964 na 1968. Ledecká hakuhesabiwa kuwa mtu wa skii hasa. Alikuwa bingwa wa dunia wa ubao wa mbio, mwaka 2015 na tena 2017. Skii alizovaa siku ile zilikuwa zimetengenezwa kwa ajili ya Mmarekani Mikaela Shiffrin. Akashuka, akaitazama saa, akasimama kimya bila ya kusadiki: alikuwa amempita Veith kwa sehemu moja ya mia ya sekunde. Siku saba baadaye alivua skii, akasimama juu ya ubao wake, akashinda pia mbio za ubao za sambamba. Hapakuwa na mtu kabla yake aliyeshinda dhahabu katika michezo hii miwili kwenye Olimpiki moja. Mwaka 2022, huko Beijing, akashinda tena kwa ubao.

Walimu wengi walikuwa wamemshauri Ledecká achague mmoja, skii au ubao, kwa hoja kwamba mwenye kushika viwili hukosa vyote. Hoja hiyo ina akili ndani yake, na kwa watu wengi ingekuwa kweli. Kilichomwezesha kuikataa si moyo tu. Alikuwa na jamaa walioweza kumlipia walimu wa pande zote mbili na safari za pande zote mbili, na milima ya Ulaya ilikuwa karibu. Simader alishuka mteremko ule ule, siku ile ile, juu ya theluji ile ile, akafika chini salama, mbali nyuma ya washindi. Tofauti ya nyakati zao yaweza kuandikwa kwa sekunde. Tofauti ya mambo yaliyo nyuma ya nyakati hizo haina saa ya kuipima.

Jina la tatu ni la mtu ambaye hakuonekana Pyeongchang, naye ndiye aliye karibu kuliko wote na watu wa Bukoba. Brolin Mawejje ni mtu wa Uganda. Baina ya Bukoba na Uganda pana mpaka wa Mutukula, ambao vita vya mwaka 1978 na 1979 viliufanya uwe na jina la uchungu, hata mkoa wenyewe, uliokuwa ukiitwa Ziwa Magharibi, ukapewa jina la mto Kagera baada ya vita hivyo. Lakini lugha hazikupigana: Kiganda na Kihaya ni ndugu, migomba ni ile ile, na mtu wa Masaka akifika Bukoba hahitaji kufundishwa kula matoke.

Mawejje alikuwa na umri wa miaka 12 alipomfuata mama yake Marekani, katika jimbo la Massachusetts. Huko aliuona ubao wa theluji, akaupenda. Baadaye alihamia Jackson, katika Wyoming, palipo na milima mirefu, akasoma chuo cha Westminster mjini Salt Lake City, huku akishindana kwa ubao. Tawi lake lilikuwa lile la kuruka, si la mbio. Mwaka 2014 filamu ya maisha yake, Far From Home, ilitolewa, na tangu hapo magazeti yakamtaja kuwa ndiye atakayekuwa Mwafrika wa kwanza kushindana kwa ubao katika Olimpiki, akiibeba bendera ya Uganda. Pyeongchang ilikuja ikapita, na Mawejje hakuwamo.

Ni rahisi kusema kwamba hakufikia kiwango, nayo ni kweli, lakini viwango vyenyewe havikuwa sawa. Katika skii za mteremko wakuu wa Olimpiki waliacha mlango mdogo wazi: nchi isiyo na mabingwa iliweza kupeleka mwanamume mmoja na mwanamke mmoja, wakiwa wamekusanya pointi za kutosha katika mashindano madogo. Ndio mlango alioupitia Simader. Katika ubao mlango huo haukuwako. Mshindani alitakiwa awe amepata nafasi miongoni mwa 30 wa kwanza katika mashindano ya Kombe la Dunia au ya ubingwa wa dunia, na nafasi za Olimpiki zilikuwa chache. Kwa hiyo mchezo uliozaliwa na vijana waliofukuzwa katika milima ya wakubwa ulikuwa na mlango mwembamba zaidi kwa mgeni kuliko ule mchezo wa wakubwa wenyewe. Waliofukuzwa jana hawakuwa wepesi wa kukaribisha. Walikuwa wamekuwa wengi, na kila mmoja alitaka nafasi yake.

Wako watu wasemao kwamba mambo haya yote ni upuuzi, kwamba nchi za jua zina viwanja vyao, na kwamba fedha ya kumpeleka mtu mmoja theluji ingetosha kuwanunulia mipira watoto wa tarafa nzima. Hoja ya mipira ni nzito, na mwalimu yeyote wa Muleba aliyepata kuchezesha darasa la watoto hamsini kwa mpira mmoja wa matambara ataiunga mkono. Tanzania na Uganda hazikupeleka mshindani hata mmoja katika Olimpiki ya majira ya baridi mpaka ile ya Beijing ya mwaka 2022, na hapana mtu aliyelala na njaa kwa sababu hiyo. Lakini hoja hiyo inadhani kwamba watu hawa watatu walitumwa na nchi zao. Hawakutumwa. Mmoja alichukuliwa na kampuni ya biashara, wa pili alipelekwa na ndoa ya mama yake, wa tatu alikuwa mtoto aliyemfuata mzazi wake ng'ambo. Wote watatu walifikishwa penye theluji na mambo wasiyoyachagua, na wote watatu, walipokwisha kufika, walichagua bendera ambayo isingewapa fedha wala mwalimu. Mtu wa Kagera anaufahamu uchaguzi huo. Wahaya wengi wameishi ng'ambo kwa elimu na kwa kazi miaka na miaka, na bado hujenga nyumba katika kibanja cha baba, hata kama watalala humo usiku mchache kwa mwaka.

Wala si kweli kwamba Tanzania haikupata kuwa na theluji ya kutelezea. Mwaka 1912 Wajerumani wawili, Walter Furtwängler na Siegfried König, walipanda Kilimanjaro na skii zao, wakateleza huko juu, katika theluji ile ile ambayo kiongozi wa Rebmann aliita baridi. Barafu moja ya kilele cha Kibo imepewa jina la Furtwängler. Mwaka huo huo wa 1912 barafu ya Kilimanjaro ilipimwa ikaonekana kuwa na eneo la kilomita za mraba zipatazo 12. Kufika mwaka 2007, sehemu 85 kati ya kila 100 za barafu hiyo zilikuwa zimetoweka. Rwenzori, ambayo Mtawala wa Abruzzi aliipanda mwaka 1906 akaizunguka kilele hata kilele, ilikuwa imebakiwa na chini ya kilomita moja ya mraba mwanzoni mwa karne ya 21. Barafu ya Furtwängler imegawanyika vipande, na maji yake hutiririka katikati wakati wa jua kali, yakishuka katika mchanga mweusi wa Kibo.